Je, jaji wa ripoti ya Bradford ndiye yule mlinda wiketi wa Cambridge?

SWALI: Ninasoma sheria, mwaka wa pili. Katika somo la uzembe na fidia tulitajiwa ripoti ya Jaji Popplewell kuhusu moto wa uwanja wa mpira wa Bradford, 1985. Nilipolitafuta jina hilo nikakutana na Popplewell mlinda wiketi wa Chuo Kikuu cha Cambridge, aliyeandikwa kuwa mchezaji wa ridhaa. Ni mtu mmoja au wawili? Na kama ni mmoja, mtu anayecheza bila kulipwa alikuwa anakula nini, na kriketi ilimfikishaje kwenye kiti cha jaji?

JIBU: Ni mtu mmoja, ndugu yangu. Oliver Bury Popplewell alizaliwa tarehe 15 Agosti 1927. Misimu mitatu mfululizo, 1949 mpaka 1951, alisimama nyuma ya wiketi za Cambridge. Juni 1985, akiwa jaji wa Mahakama Kuu, aliketi Bradford kusikiliza mashahidi wakieleza jinsi watu 56 walivyokufa kwa moto wakiwa wamekwenda kutazama mpira.

Swali lako la pili ni zito kuliko la kwanza, na ndilo nitakalokaa nalo. Kwa maoni yangu kriketi haikumfundisha ujaji. Kriketi ya ridhaa ilikuwa lango la tabaka fulani la watu, na majaji wa Uingereza wa kizazi chake walipita lango hilohilo. Ukilishika hilo utaelewa kwa nini ripoti yake ya Bradford ilikuwa kazi nzuri, na kwa nini miaka 26 baadaye aliandika barua iliyowaumiza watu waliofiwa.

Tuanze na fedha, maana ndipo ulipoanzia wewe.

Mpaka mwishoni mwa 1962, kriketi ya Uingereza ilikuwa na watu wa aina mbili ndani ya timu moja. Mchezaji wa kulipwa alipokea ujira wa klabu ya kaunti yake, kama fundi yeyote. Mchezaji wa ridhaa hakupokea ujira. Alirudishiwa nauli na gharama tu. Tangu 1806 makundi hayo mawili yalikuwa yakipambanishwa katika mechi iliyoitwa Gentlemen dhidi ya Players, yaani mabwana dhidi ya wachezaji, na mechi hiyo ikaendelea mpaka mwaka uleule wa 1962. Viwanja vingi vilikuwa na vyumba viwili vya kubadilishia nguo. Pale Lord's, London, bwana na mwenzake wa kulipwa waliweza kutokea milango tofauti kwenda kuchezea timu moja. Hata karatasi ya matokeo ilitenganisha: herufi za majina ya bwana zilitangulia jina la ukoo, za mchezaji wa kulipwa zikafuata. Katika miaka hiyohiyo ya Popplewell, Lord's walitangaza kwa kipaza sauti masahihisho ya karatasi: pale palipoandikwa F. J. Titmus, pasomeke Titmus, F. J. Fred Titmus alikuwa kijana wa kulipwa, na mtu aliona ni lazima uwanja mzima uambiwe.

Unahodha nao ulikuwa wa mabwana. Len Hutton, aliyeteuliwa 1952, ndiye wa kwanza miongoni mwa wachezaji wa kulipwa wa karne ya 20 kukabidhiwa timu ya taifa ya Uingereza. Kaunti ziliweza kumpa unahodha kijana wa ridhaa ambaye hata nafasi kwenye timu hakuistahili kwa uchezaji wake, huku wakongwe wa kulipwa wakimsaidia kwa kumnong'oneza nani arushe mpira na nani asimame wapi.

Sasa, bwana huyu alikula nini? Wengi walikula mali ya baba zao. Wengine walipewa kazi ya jina tu, ukatibu msaidizi wa klabu kwa mfano, na mshahara wa kazi hiyo ukawa ndio malipo ya uchezaji kwa mlango wa nyuma. W. G. Grace, daktari na jina kubwa kuliko yote katika kriketi ya karne ya 19, alihesabiwa mchezaji wa ridhaa maisha yake yote, na bado harambee ya hadhara ya 1895 ilimletea maelfu ya pauni ambayo hakuna mchezaji wa kulipwa wa wakati wake angeyaota. Kundi la tatu ni la akina Popplewell: walicheza wakiwa wanafunzi, kisha wakaenda kutafuta kazi ya heshima. Kwao kriketi ilikuwa ni ya kipindi cha ujana, wakati nyumbani bado panalipa.

Popplewell alisoma Charterhouse, shule ya bweni ya kulipia huko Surrey, mojawapo ya zile ambazo zilikuwa na viwanja bora kuliko klabu nyingi za mijini. Baada ya hapo akatumikia jeshi la wanamaji, kama vijana wa rika lake walivyotakiwa kutumikia jeshi, ndipo akaingia chuo cha Queens', Cambridge, kusoma sheria.

Ngoja nikueleze kidogo mlinda wiketi anafanya nini, kwa kuwa wasomaji wetu wengi ni watu wa soka. Anachuchumaa nyuma ya vijiti vitatu, ambavyo ndivyo wiketi, akiwa na glavu, na kila mpira unaorushwa, iwe mia mbili au mia tano kwa siku, lazima auchukulie kuwa unakuja kwake. Mpigaji akiukosa, ni wake. Mpigaji akiugusa kidogo tu kwa ukingo wa gongo, ni wake, na anatakiwa audake kabla haujagusa chini. Akitoka mpigaji nje ya mstari wake, mlinda wiketi anaangusha vijiti. Yeye ndiye mwenye macho ya karibu kuliko mtu yeyote uwanjani, na kwa sheria za kriketi mwamuzi hamtoi mpigaji mpaka upande unaorusha uulize rasmi. Mwenye kuuliza mara nyingi ni mlinda wiketi. Wako wanaopenda kusema kwamba hapo ndipo Popplewell alipojifunza ushahidi na hoja. Mimi naona ni kupamba mambo. Walinda wiketi hodari walikuwa wengi, wakiwemo wana wa wachimba makaa, na hao hawakuishia Mahakama Kuu.

Tazama badala yake aliocheza nao. Cambridge ya 1949 mpaka 1951 ilikuwa mojawapo ya timu zenye vipaji vingi kuliko zote zilizowahi kutoka chuoni hapo: Doug Insole, Hubert Doggart, John Dewes, J. J. Warr, Peter May, David Sheppard. Wote sita waliichezea timu ya taifa ya Uingereza. Mei 1950 Cambridge iliwakaribisha West Indies, timu ya pamoja ya visiwa vya Karibi, kwenye uwanja wake wa Fenner's. Dewes na Sheppard wakafungua kwa mikimbio 343, ndiyo alama za kriketi, kabla mpigaji wa kwanza hajatolewa, na timu ikatangaza kufunga dimba ikiwa na mikimbio 594, wapigaji wanne tu wakiwa wametolewa. West Indies wakajibu kwa 730, watatu tu wakiwa wametolewa, Everton Weekes akiwa na 304 bila kutolewa. Hao ndio wageni waliokwenda kuishinda Uingereza mechi tatu kwa moja msimu huo.

Fuatilia walipoishia vijana hao. May alikuwa nahodha wa Uingereza katika mechi 41 za kimataifa. Sheppard akawa padri, kisha Askofu wa Liverpool kuanzia 1975 hadi 1997. Shika jina lake, nitalirudia. Na urais wa klabu ya Marylebone, ile MCC inayomiliki Lord's na kutunza sheria za kriketi duniani, ulizunguka namna hii: May 1980, Doggart 1981, Warr 1987, Popplewell 1994, Insole 2006. Marais watano wa klabu moja kutoka meza moja ya wanafunzi. Popplewell aliushika miaka miwili, mpaka 1996, katika klabu ambayo ilikubali wanawake kuwa wanachama kwa kura ya 1998 tu. Vipaji walikuwa navyo, hakuna anayebisha. Lakini kipaji peke yake hakipangi safu namna hiyo.

Uwakili nao ulikuwa na tabia ileile ya kumtaka mtu awe na mgongo wa kuegemea. Popplewell alipokewa uwakili na Inner Temple, mojawapo ya vyama vya mawakili vya London, mwaka 1951, mara tu baada ya msimu wake wa mwisho wa chuo. Ili upokewe, pamoja na mitihani, ulipaswa kula idadi maalumu ya milo ya jioni katika ukumbi wa chama chako cha mawakili, ukikaa meza moja na wakubwa wa kazi. Kisha ukawa mwanafunzi wa wakili mzoefu. Kwa desturi ya siku zile mwanafunzi hakulipwa. Yeye ndiye aliyemlipa mwalimu wake, kiasi cha gini 100, yaani pauni 105, kwa mwaka, na hata akishamaliza angeweza kukaa muda mrefu akingoja karani wa ofisi amgawie kesi ya kwanza. Kijana asiye na baba wa kumbeba angevumiliaje? Kwa hiyo unaona: mtu aliyeweza kucheza kriketi bila ujira ndiye yule yule aliyeweza kuanza uwakili bila ujira. Mlango mmoja, vyumba viwili.

Alipanda hatua kwa hatua. 1969 akawa Wakili wa Malkia, cheo cha juu cha uwakili. 1970 akapewa kiti cha jaji wa muda wa mji wa Burton-upon-Trent, na mfumo wa mahakama za jinai ulipobadilishwa akaendelea na ujaji wa muda mpaka 1982. Mwaka 1983 akateuliwa Mahakama Kuu, kitengo cha Queen's Bench, na kupewa usir, yaani heshima ya kuitwa Sir, unaoambatana na kiti hicho. Nafasi hizo hazikutangazwa. Hukuomba, uliitwa, baada ya ofisi ya Lord Chancellor, waziri aliyesimamia mahakama, kuuliza majaji na mawakili wakubwa kimyakimya kuhusu mtu. Uingereza ilianza kutangaza nafasi za ujaji wa Mahakama Kuu 1998 tu, na tume huru ya uteuzi wa majaji ikaanza kazi 2006. Mfumo wa kuulizana namna hiyo unampendelea anayejulikana na waulizwao, na mchezaji wa Cambridge anajulikana.

Tufike Bradford.

Jumamosi tarehe 11 Mei 1985 Bradford City walikuwa wanamaliza msimu nyumbani, uwanja wa Valley Parade, dhidi ya Lincoln City. Walikwishashinda Daraja la Tatu na kombe lilikabidhiwa kabla ya mechi. Watu 11,076 walikuwa uwanjani, familia nyingi, babu na wajukuu. Jukwaa kuu lilikuwa la mbao, lenye umri wa zaidi ya miaka 70, limejengwa kwenye mteremko. Chini ya sakafu yake kulikuwa na uwazi, na kati ya mbao na mbao kulikuwa na nyufa. Kwa miaka na miaka karatasi, vikombe na maganda vilipenya humo na havikuondolewa. Baada ya moto palipatikana kipande cha gazeti la 1968. Karibu na mapumziko, yapata saa tisa na dakika 40 alasiri, kiberiti au kipande cha sigara kilidondoka kwenye ufa. Watu wa safu za juu wakaona moshi miguuni.

Wengine walidhani ni jambo dogo, wakatabasamu mbele ya kamera za televisheni. Kisha upepo ukauchukua moto chini ya paa, na paa lilikuwa la mbao na lami. Katika muda usiozidi dakika tano jukwaa zima, kutoka ncha hadi ncha, lilikuwa linawaka. Waliokimbilia mbele waliruka ukuta mfupi wakaangukia kwenye nyasi za uwanja, na wengi wao walipona. Waliorudi nyuma kwenye ujia wenye giza, kuelekea milango waliyoingilia, walikuta mingine imefungwa na vigeti vya chuma vya kuzunguka haviendi kinyume. Miili mingi ilipatikana huko. Mitungi ya kuzimia moto haikuwepo kwenye ujia, kwa kuogopwa wahuni wasiichezee. Waliokufa ni 56, 54 wa Bradford na wawili wa Lincoln, wengi wao watoto na wazee. Waliojeruhiwa ni zaidi ya 260.

Siku hiyohiyo, Birmingham, ukuta uliporomoka baada ya vurugu za mashabiki na mvulana wa miaka 15 akafa. Serikali ikampa Popplewell matukio yote mawili. Kabla hajaanza kusikiliza, tarehe 29 Mei, watu 39 wakafa Heysel, Ubelgiji, kwenye fainali ya Liverpool na Juventus. Hebu fikiria uzito wa meza yake.

Kesi ya uchunguzi ilifunguliwa Bradford tarehe 5 Juni, wiki nne hazijatimia tangu moto. Ripoti ya awali ikatoka Julai, ya mwisho Januari 1986. Alitaka vilabu viwe na majibu kabla msimu mpya haujaanza, na hapo ndipo ninapomheshimu sana. Alionyesha kwamba sheria ya usalama wa viwanja ya 1975 ilizibana timu za madaraja ya juu mawili tu, hivyo Bradford, wa daraja la tatu, hawakulazimika kuwa na cheti cha usalama. Wangekihitaji msimu uliofuata kwa sababu ya kupanda daraja, na vyuma vya paa jipya vilikuwa vimeshaletwa uwanjani. Alionyesha pia kwamba klabu iliandikiwa barua na halmashauri ya kaunti mwaka mmoja kabla, ikitahadharishwa kuhusu takataka chini ya jukwaa na hatari ya sigara iliyotupwa ovyo. Akapendekeza sigara zipigwe marufuku kwenye majukwaa ya mbao, majukwaa mapya ya mbao yasijengwe, kila mlango wa kutokea uwe na mtu wake muda wote wa mechi, na wasimamizi wa uwanja wafundishwe kuhamisha watu. Bunge likatunga sheria ya usalama wa moto na maeneo ya michezo ya 1987.

Lakini jambo ninalotaka ulikariri ni la uzio. Mwaka 1985 Waingereza walikuwa na hofu moja tu kuhusu soka: wahuni. Dawa iliyopendwa ilikuwa kuwafungia mashabiki ndani ya uzio wa chuma. Popplewell aliona kwamba Bradford wangekuwa na uzio mbele ya lile jukwaa, walioumia na kufa wangekuwa wengi zaidi sana, na akaandika kwamba penye uzio pawe na milango ya kutokea inayofaa. Tarehe 15 Aprili 1989, Hillsborough, Sheffield, mashabiki wa Liverpool walibanwa kwenye uzio wa chuma mpaka pumzi zikawaishia. Waliokufa ni 97, wa mwisho wao akifariki 2021. Jaji Taylor, aliyechunguza msiba huo, aliandika kwamba ripoti yake ilikuwa ya tisa ya serikali kuhusu usalama wa viwanja. Ripoti ya Popplewell ilikuwa ya nane.

Na hapa ndipo ninaporudi kwenye lango lile la mwanzo. Askofu wa Liverpool wakati wa Hillsborough alikuwa David Sheppard, mwenzake wa Cambridge, mtu aliyekuwa amehamia kufanya kazi katika mitaa maskini ya London kabla ya kwenda Liverpool, na aliyesimama na mji wake katika maombolezo. Popplewell alichukua njia nyingine. Oktoba 2011, familia za Hillsborough zilipokuwa zinadai nyaraka za serikali, aliandika barua kwa gazeti la The Times akiwasifu watu wa Bradford kwa utulivu na ushujaa wao, kwamba hawakutafuta njama wala uchunguzi usio na mwisho, na akauliza kama wanaharakati wa Hillsborough hawangejifunza kitu hapo.

Barua ile ilikuwa na makosa, na nasema hivyo nikiwa naiheshimu kazi yake ya 1985. Bradford walipata ripoti iliyotaja chanzo ndani ya miezi mitatu. Hillsborough walipata polisi waliobadilisha maelezo ya maaskari na magazeti yaliyowasingizia marehemu ulevi. Jopo huru la 2012 lilithibitisha hayo, na 2016 baraza la raia katika mahakama ya uchunguzi wa vifo likaamua kwamba watu wale waliuawa isivyo halali na mashabiki hawakuwa na kosa. Mwenye shibe hamjui mwenye njaa: mtu ambaye milango yote ilimfungukia, akipewa neno na wakubwa akalikuta ni la kweli, si rahisi kwake kuamini kwamba polisi na ofisi za serikali zinaweza kushirikiana kuficha jambo.

Na Bradford yenyewe haikutulia kama alivyodhani. Mwaka 2015 mtu aliyenusurika moto ule akiwa na miaka 12, huku akipoteza baba, mdogo wake, babu na mjomba, alijitokeza hadharani kusema kwamba uchunguzi ulikwenda mbio mno na haukuuliza vya kutosha kuhusu historia ya moto katika biashara za mwenyekiti wa klabu. Popplewell alishikilia kwamba ilikuwa ajali. Mimi naona ushahidi wa 1985 kuhusu jinsi moto ulivyoanza bado unasimama. Hata hivyo, kasi ileile niliyoisifu ina bei yake: mashahidi husikilizwa wakiwa bado na bandeji, na yapo maswali ambayo mfiwa huyapata baada ya miaka, si baada ya wiki nne.

Kesi zake nyingine nitazipitia haraka. Mwaka 1997 alisikiliza shauri la Jonathan Aitken, waziri wa zamani aliyelishtaki gazeti la The Guardian na televisheni ya Granada kwa kumchafulia jina. Popplewell aliamua kulisikiliza bila baraza la raia, kwa sababu nyaraka zilikuwa nyingi na tata, na wengi waliona uamuzi huo ungemnufaisha Aitken. Shauri lilianguka katikati: kumbukumbu za shirika la ndege na gari la kukodi zilionyesha mkewe hakuwa Paris siku ambayo Aitken aliapa kwamba ndiye aliyelipa hoteli ya Ritz. Mwaka 1999 Aitken akafungwa miezi 18 kwa kusema uongo chini ya kiapo. Mwaka 1998 ikaja ya Linford Christie, bingwa wa Olimpiki wa mita 100 wa Barcelona, aliyeshinda fidia ya pauni 40,000 dhidi ya mwandishi aliyedai anatumia dawa. Humo jaji aliuliza maana ya msemo wa magazeti ya mitaani kuhusu kaptula ya kubana ya Christie, na kesho yake nchi nzima ilisema majaji hawajui dunia wanayoishi. Kuuliza ilikuwa kazi yake, lazima maana iingie kwenye kumbukumbu. Ila watu walikuwa tayari kuamini kwamba hajui, na hilo nalo lina sababu zake.

Alistaafu 1999, akaendelea na usuluhishi wa migogoro ya michezo, kisha akiwa na zaidi ya miaka 70 akajiandikisha Oxford, chuo cha Harris Manchester kinachopokea watu wazima, akasoma falsafa, siasa na uchumi pamoja na vijana wa rika la wajukuu zake. Mwanawe Nigel aliichezea kaunti ya Somerset pamoja na nyota wa kriketi Viv Richards na Ian Botham, kisha akaingia sheria na kuwa jaji wa baraza la kodi. Mwanawe Andrew aliteuliwa jaji wa Mahakama ya Rufani 2019. Mke wake wa kwanza, Margaret, alifariki 2001. 2008 akamwoa Elizabeth Gloster, jaji, ambaye wapenzi wa Chelsea mtamkumbuka bila kumjua: ndiye aliyeamua 2012 kesi ya Berezovsky dhidi ya Roman Abramovich, na kumpa Abramovich ushindi.

Kuhusu somo lako, jihadhari na jambo moja. Ripoti ya Popplewell si hukumu. Ilieleza kilichotokea na nini kibadilishwe. Haikuamua nani amlipe nani. Dhima iliamuliwa 1987, katika shauri la mfano lililofunguliwa na mjane mmoja na sajenti mmoja wa polisi, mbele ya Sir Joseph Cantley. Aliipa klabu theluthi mbili za lawama, na halmashauri ya kaunti theluthi moja. Klabu ilijua au ilipaswa kujua hatari iliyokuwa chini ya miguu ya wateja wake. Halmashauri iliiona, ikaandika barua, haikufuatilia. Mwalimu wako akikuuliza kama kutoa onyo peke yake kunatosha kumwondolea mtu wajibu, ile theluthi moja ndiyo ya kumjibu nayo. Soma kwanza sura za ripoti ya awali zinazohusu milango na barua ile ya halmashauri, ndipo uende kwenye hukumu ya Cantley.